Bawaba

Kamera niliiazima kwa majuma mawili,
lenzi yake ina mkwaruzo upande wa kushoto,
mwembamba kama unywele ulioangukia sahani.
Nikapanda basi la usiku kutoka Montevideo,
saa sita za giza na mabega ya watu nisiowajua,
hadi Salto, nyumbani, kwa baba.

Nikamwambia: "Wewe ishi tu. Usinitazame."
Akacheka. "Kuishi naweza.
Kutokukutazama ndiko kazi."

Siku ya kwanza nilirekodi maji yakichemka.
Siku ya pili, maji tena.
Birika lake lina mdomo uliopinda,
huangusha tone moja pembeni ya kikombe kila asubuhi,
na kila asubuhi kidole chake cha shahada
hulifuata tone lile mezani na kulifuta,
kama mtu anayesahihisha tahajia.
Siku ya tatu akamenya chungwa.
Julai ni baridi kule, na michungwa imeelemewa.
Ganda lilishuka zima, mzunguko chini ya mzunguko,
akaliweka juu ya jiko la kuni,
nyumba ikanukia mpaka kwenye mablanketi.
Harufu haiingii kwenye filamu, nalijua hilo.
Nikaiacha kamera iendelee.

Nilikuwa nangoja jambo.
Simu ya usiku wa manane, barua, chozi,
angalau mbwa wa jirani aruke ua.
Wapi. Hermenegildo Etchegaray,
mlinzi mstaafu wa kivuko cha reli ambayo treni haipiti tena,
anapiga pasi leso. Anakunja leso.
Anaingia jikoni, anafunga mlango.
Anatoka jikoni, anafunga mlango.

Siku kumi na moja.
Nikarudi na saa tisa za picha
na aibu ya mtu aliyekwenda sokoni na kapu
akarudi na kapu.

Montevideo, ghorofa ya nne, mvua.
Nakata. Nakata tena.
Zulma, fundi wetu wa sauti, kaniachia spika zake za masikioni;
nazivaa, na hapo ndipo nasikia:
kabla mlango haujagusa fremu
pana mguno mdogo, wa mbao,
kisha kimya,
kisha *ta*.

Narudisha nyuma. Natazama mkono.
Baba hausukumi mlango ule. Anaunyanyua.
Bawaba ya juu imelegea tangu mafuriko, mimi sijazaliwa,
naye hushika kitasa, hukiinua kiasi cha unene wa sarafu,
hungoja,
huurudisha mlango mahali pake taratibu,
jinsi unavyomlaza mtoto aliyepitiwa na usingizi begani.
Mara arobaini na tatu. Nimezihesabu.

Upepo ukausukuma mlango wangu.
Nikainuka kuufunga,
na mkono wangu, wenyewe, bila kuniuliza,
ukakiinua kitasa
cha mlango mpya, ulionyooka, usio na kilema chochote.

Nilisimama pale muda mrefu.

Filamu ina dakika saba. Haina muziki.
Tuliionyesha Salto, ukumbi wa wafanyakazi wa reli,
viti thelathini na kimoja, shuka ukutani.
Baba alininong'oneza kwa sauti iliyofika mlangoni:
"Ungeniambia basi kwamba soksi imetoboka."
Kisha mlango ukaja, mkubwa kama ukuta,
mguno, kimya, *ta*,
na gizani nikawasikia watu wakivuta pumzi pamoja naye,
wakiinua.

Taa zilipowaka, Baldomero seremala akasimama,
kofia mkononi, macho mekundu, karibu akasirike.
"Gildo! Miaka yote hii! Bawaba ile
ni kazi ya nusu saa. Jumanne nakuja. Bure."

Tukajibu kwa pamoja, mimi na baba,
upesi mno, hata watu wakageuka:
"Usiiguse."